Mipaka Kati Yetu: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara kuhusu Ujirani, Udugu na Ardhi Dodoma

Majibu haya yametokana na maswali ambayo nimekuwa nikiulizwa kwa miaka mingi na majirani, wapangaji, wanandoa na wanavijiji, kwanza nikiwa mtumishi wa maendeleo ya jamii na sasa nikiwa mstaafu ambaye bado huitwa kusuluhisha. Baadhi ya majibu ni marefu kwa sababu jambo lenyewe ni refu. Mengine ni mafupi kwa sababu sioni haja ya kulizungusha.

Mpaka usioonekana ni nini hasa?

Mpaka unaoonekana ni ule ambao hata mgeni wa jana anaweza kuonyeshwa kwa kidole: bikoni iliyofukiwa kwenye kona ya kiwanja, ukuta wa tofali, safu ya minyaa, korongo linalotenganisha shamba na shamba. Mpaka usioonekana ni ule ambao wenyewe huujua bila kuonyeshwa, na mgeni huugundua akiwa amekwisha kuuvuka: saa ambayo si adabu kwenda kwa watu, jambo ambalo mkwe haulizwi, kiti ambacho mtoto hakikalii baba akiwepo, fedha ambazo mama ameziweka kwa ajili ya mahitaji ya shule na kila mtu ndani ya nyumba anajua kwamba haziombwi.

Mfano ulio bora kuliko yote ninayoijua ni hodi. Mtu anafika kwenye ua usio na geti wala kizuizi chochote, ambao angeweza kuuingia moja kwa moja, lakini anasimama, anaita hodi, na hasogei mpaka asikie karibu. Asipojibiwa huita tena, na akikosa jibu mara ya tatu huondoka bila kinyongo. Pale hapana ukuta, lakini mpaka upo, na umewekwa na watu wawili kwa wakati mmoja, kwa kuwa mgeni ameutambua kwa kusimama kwake na mwenyeji ameufungua kwa neno lake. Nimelitanguliza hili kwa sababu wengi wanaonijia hudhani kwamba mpaka ni kitu cha kumzuia mtu, ilhali mingi ya mipaka tunayoishi nayo kazi yake ni kumpa mtu mahali pa kusimama na kuomba ruhusa.

Kwa nini jambo hili limekuwa zito Dodoma?

Kwa sababu ardhi hii imewekewa mipaka ya aina nyingi katika muda ambao hauzidi sana vizazi vitano. Katika karne ya 19 misafara ya pwani na ya Unyamwezi ilikatiza Ugogo, yaani nchi ya Wagogo ambamo Dodoma imo, kati ya nyika mbili kavu, Marenga Mkali upande wa mashariki na Mgunda Mkali upande wa magharibi, na kwa kuwa maji na nafaka vilikuwa mikononi mwa wenyeji, watemi walidai hongo kabla ya msafara kuruhusiwa kuteka maji na kupita. Hongo ya wakati huo ilikuwa malipo ya kupita katika nchi ya mtu, na wasafiri waliilalamikia kama watu wanavyolalamikia ushuru wowote. Leo neno hilo limebaki na maana ya rushwa peke yake, nami husikitika kwamba tumesahau kuwa liliwahi kumaanisha kutambua kwamba hapa pana wenyewe.

Nyumba ya zamani ya Mgogo, yaani tembe, ilikuwa na paa bapa la udongo na kuta zilizozunguka ua ambamo mifugo ililala. Ukiwa nje uliona ukuta mtupu. Ukiwa ndani uliona maisha yote ya familia. Watu waliishi kwa kutawanyika, na familia ilihama malisho au mvua ilipopungua. Kisha, mwanzoni mwa miaka ya 1970, Operesheni Dodoma iliwakusanya watu katika vijiji, na mwaka 1973 ukaja uamuzi wa kuhamishia makao makuu ya nchi hapa, pamoja na kuundwa kwa Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu, ambayo wengi tunaijua kwa jina la CDA. Shamba ambalo babu alilitambua kwa mbuyu na korongo likageuka viwanja vyenye namba na vitalu. Mamlaka hiyo ilivunjwa mwaka 2017 na kazi zake kukabidhiwa halmashauri, Dodoma ikatangazwa kuwa jiji mwaka 2018, na tangu mwaka 2016 watumishi wa Serikali na familia zao wamekuwa wakihamia kwa wingi.

Kwa hiyo katika mtaa mmoja wa Nkuhungu au Nzuguni unaweza kumkuta bibi anayepima mpaka kwa kumbukumbu, kijana anayeupima kwa hati, na mpangaji ambaye mpaka wake wote ni mlango wa chumba kimoja. Wote watatu wanachota maji kwenye bomba moja.

Jirani amejenga msingi ambao ninaamini umeingia ndani ya kiwanja changu. Nianzie wapi?

Anzia kwake, leo, kabla tofali hazijapanda. Msingi unahamishika kwa gharama ndogo. Nyumba iliyoezekwa huhamishwa kwa amri na machozi. Mwendee ukiwa na mtu mzima mmoja mnayeheshimiana naye, usiende na kundi, na umwambie kwamba ungependa bikoni zitafutwe mkiwa pamoja. Sentensi hiyo ina uzito mkubwa, kwa sababu haimtuhumu kwa lolote, na mara nyingi naye hakuwa na hakika.

Ikiwa kiwanja kimepimwa, mwenye neno la mwisho kuhusu mstari ni mpima ardhi, ambaye atazirejesha alama mahali pake kwa kutumia ramani ya upimaji. Uzio wa zamani, mti, au maneno ya dalali aliyewauzia havitoshi. Na tafadhali msiguse bikoni wenyewe: kung'oa au kuhamisha alama ya mpaka ni kosa la jinai, hata kama unaamini kwa moyo wako wote kwamba imewekwa vibaya.

Mkishindwa kuelewana, ofisi ya mtaa hupaswa kujua, kisha Baraza la Kata. Wengi hawajui kwamba tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 Baraza la Kata haliamui tena mashauri ya ardhi. Linasuluhisha tu, na usuluhishi ukishindikana ndani ya siku 30 linatoa uthibitisho wa kushindikana huko, ndipo shauri linapokwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Kijijini mlango wa kwanza ni Baraza la Ardhi la Kijiji, lenye wajumbe saba, ambao kati yao watatu ni wanawake. Sharti hilo la wanawake watatu si pambo. Nimekaa katika vikao ambavyo mjumbe mwanamke ndiye pekee aliyekumbuka kwamba njia iliyozibwa ilikuwa njia ya kwenda kisimani, kwa sababu ni yeye aliyekuwa akiipita na ndoo kichwani tangu utotoni.

Ninalowaomba watu waliangalie zaidi ni hili: mgogoro wa nusu mita mara nyingi si wa nusu mita. Ukiwasikiliza wahusika hadi mwisho utasikia kwamba mmoja hakualikwa kwenye harusi, au kwamba salamu zilikatika siku nyingi kabla ya fundi kuchimba. Mpima ardhi atawarudishia mstari, na kazi yake itaishia hapo.

Je, kujenga ukuta kunaua ujirani?

Hapana, ingawa kuujenga kimya kimya kunaweza. Nasema hivi kwa sababu ni kosa nililolifanya mwenyewe. Tulipojenga ukuta nyumbani kwetu, hatukumwambia jirani wa upande wa mashariki, mzee ambaye kwa miaka mingi alikuwa akikatiza uani kwetu kwenda kwenye zizi lake. Hakusema neno, lakini kwa miezi miwili hakutuita kwa lolote. Nilipomwendea, aliniambia kwamba ukuta haumuumizi, kwani hata wao waliishi ndani ya kuta za tembe. Kilichomuumiza ni kuona lori likishusha tofali mbele ya mlango wake kabla ya kuambiwa. Tulimrudisha fundi, akatoboa ukuta na kuweka kilango cha bati. Mzee hakukitumia mara nyingi, kwa kuwa miguu ilikwisha kuchoka, lakini tangu siku hiyo tulirudi kupeana chumvi na habari.

Kuta za siku hizi zina tatizo jingine, nalo ni kwamba sauti ya hodi haifiki ndani. Mgeni anagonga geti, mbwa wanabweka, msichana wa kazi anachungulia kwenye tundu na kuuliza wewe ni nani. Ni ulinzi, na sina haki ya kuwalaumu waliowahi kuibiwa. Hata hivyo watoto wanaolelewa katika nyumba hizo, wale tunaowaita watoto wa geti kali, wakati mwingine hufika umri wa kwenda sekondari ya bweni bila kujua namna ya kusimama mlangoni kwa mtu na kujitambulisha.

Nimehamia Dodoma kikazi. Kwa nini naona wenyeji hawanizoei?

Pengine wanangoja usalimie. Jifunze kusema mbukwa, ambayo ni salamu ya Kigogo, na ukisalimia watu zaidi ya mmoja sema mbukwenyi, na usiiseme kama mzaha. Shikamoo kwa mtu mzima haina mbadala, hata kama wewe ni mkurugenzi na yeye ni mlinzi wa geti lenu.

Kuna jambo la ndani zaidi. Mwaka 1969 mwanaanthropolojia wa Norwei aitwaye Fredrik Barth alieleza kwamba makabila hayatenganishwi na orodha ya mila zao, kwa sababu mila huazimwa na watu huhama kutoka upande mmoja kwenda mwingine. Kinachodumu ni mpaka wenyewe, ambao watu huutunza kila wanapokutana. Naliona hilo hapa kila siku. Kuna watumishi ambao wamekwisha kuipenda mlenda, wanacheza muziki wa Wagogo kwenye harusi zao, wamenunua shamba la zabibu, lakini baada ya miaka mingi bado wanasema "hawa watu" wanapowazungumzia majirani zao. Mpaka umebaki mahali pale pale, ndani ya neno dogo. Wenyeji nao husema "wa kuja", na mtoto aliyezaliwa katika hospitali ya hapa hapa huitwa wa kuja kwa sababu ya jina la ukoo wake.

Utani una mpaka?

Unao, na ni mmoja wa mipaka iliyofikiriwa vizuri zaidi katika nchi yetu. Mwanaanthropolojia Peter Rigby, aliyefanya utafiti kati ya Wagogo mwanzoni mwa miaka ya 1960, aliandika kuhusu utani wa kiukoo na wa kikabila kama uhusiano wenye kanuni, na kila aliyewahi kuzika anazijua kanuni hizo: mtani anaruhusiwa kusema msibani maneno ambayo yangemfanya mtu mwingine afukuzwe, lakini pia ana wajibu wa kuja, kusaidia, na kutanguliza mikono kwenye kazi. Uhuru wa kumkejeli mtu umenunuliwa kwa wajibu wa kumsitiri. Mnyamwezi anapomtania Mgogo, na Mgogo anapomrudishia, nyuma ya maneno yao kuna historia ndefu ya njia za misafara na ya kuhitajiana.

Ndiyo maana ninaumia ninaposikia maneno hayo hayo ofisini kwa mtu asiye mtani. Mzaha kwamba Mgogo ni ombaomba hurudiwa na watu ambao hawana wajibu wowote kwake, na mara nyingine na mkubwa wa kazi kwa mtu ambaye hawezi kumrudishia. Mzaha huo una historia yake ya huzuni. Kati ya mwaka 1917 na 1920 Ugogo ulipigwa na njaa ambayo wazee waliiita Mtunya, na haikuletwa na uvivu wa mtu yeyote: majeshi ya Vita Kuu ya Kwanza yalikuwa yamechukua ng'ombe, nafaka na wanaume wa kubeba mizigo, kisha mvua zikakosekana. Watu walikwenda kuomba kwa sababu kilichokuwa ghalani kilikuwa kimekwisha kuondoka na jeshi. Ukitaka kujua kama una haki ya kutania, jiulize kama utakuwepo siku ya kuchimba kaburi.

Mifugo huingia shambani kwangu kila mwaka. Mbona wazee hawakuwa na ugomvi huu?

Walikuwa nao, lakini walikuwa pia na mpaka unaofunguka na kufungwa kwa majira. Dodoma ina msimu mmoja wa mvua, takribani kuanzia Desemba hadi Aprili. Mtama na uwele ulipokuwa shambani, ng'ombe aliyeingia alikuwa kosa, na mwenyewe alilipa. Mavuno yalipokwisha na mabua kubaki, shamba lile lile lilifunguliwa, mifugo ikala mabua na kuacha samadi, na pande zote mbili zikafaidika. Mstari haukusogea hata hatua moja. Kilichobadilika ni maana yake kulingana na mwezi.

Mambo mawili yamevuruga utaratibu huo. La kwanza ni mazao ya kudumu, hasa zabibu, ambazo huvunwa mara mbili kwa mwaka na hazina mwezi ambao shamba huwa wazi, hivyo mwenye mizabibu anahitaji uzio wa Januari hadi Desemba na mfugaji anaona njia yake imezibwa bila kuambiwa. La pili ni kwamba wafugaji na wakulima wa sasa mara nyingi si watu wa ukoo mmoja au kijiji kimoja, kwa hiyo hakuna mjomba wa kuwakalisha chini. Mpango wa matumizi ya ardhi ya kijiji, ambao sheria imeuwekea utaratibu, unaweza kutenga njia za mifugo na malisho, na ninawasihi wanavijiji wasiuone kama karatasi za wapimaji. Lakini ninyi wenyewe ongezeni kalenda kwenye ramani hiyo: andikeni ni tarehe gani mabua yanafunguliwa, na nani atatoa tangazo.

Na uzio wa reli ya kisasa?

Reli ya zamani ilivukwa popote, na watoto waliifuata kwenda shule. Reli ya kisasa, ambayo ilianza kuwaleta abiria kutoka Dar es Salaam mwaka 2024, imezungushiwa uzio kwa sababu treni yake inakwenda kwa kasi isiyosamehe. Vukeni kwenye vivuko vilivyowekwa, hata kama shangazi anaonekana ng'ambo na inawabidi mzunguke.

Ni haki kupekua simu ya mwenzi wangu?

Katiba yetu, katika ibara ya 16, inamhakikishia kila mtu heshima ya nafsi yake, familia yake, maskani yake na mawasiliano yake binafsi, na sioni mahali ambapo cheti cha ndoa kinaifuta ibara hiyo. Najua kwamba wanaouliza swali hili huwa wana maumivu, na mara nyingi wana sababu. Lakini wengi walioipekua simu usiku wakakuta walichokitafuta hawakupata nafasi ya kukizungumza, kwa sababu mazungumzo yaligeuka kuwa juu ya kupekua.

Wapo pia wanaoishika simu kama uthibitisho wa upendo huku wakificha mambo mazito zaidi. Chini ya Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 mwenzi mmoja hawezi kuuza au kuweka rehani nyumba ya familia bila ridhaa ya mwenzake. Ningependa wanandoa wapeane neno la siri la hati ya kiwanja kabla ya lile la simu.

Ndugu alikuja kwa wiki moja, sasa ni miezi sita. Nifanye nini?

Wahenga walikwisha kusema kwamba mgeni ni siku mbili, ya tatu mpe jembe, nao hawakusema afukuzwe. Mpe kazi yenye jina ndani ya nyumba, mbele ya wote, na umuulize lini anatarajia kuanza maisha yake. Aliyekuwa anangoja kuulizwa atashukuru.

Mfanyakazi wa ndani tunamwita dada. Je, naye ana mipaka yake?

Anayo, na neno dada ndilo linaloificha. Kwa kumwita hivyo tunamwingiza katika udugu anapotakiwa kuamka alfajiri, kisha tunamtoa wakati wa kula na wakati wa mshahara. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inakataza kumwajiri mtoto wa chini ya miaka 14 na inaweka kikomo cha saa 45 za kawaida za kazi kwa wiki. Wengi wa wasichana hawa hutoka vijijini kwetu, na shangazi aliyewaleta mjini ndiye pekee anayejua wanakoishi. Mpe mahali pa kulala penye mlango unaofungwa kwa ndani, siku ya mapumziko inayojulikana, na simu ya kumpigia mama yake. Baada ya hapo mwite dada.

Wapangaji sita, bomba moja, choo kimoja, mita moja ya umeme. Tutaishije?

Andikeni. Nasema hivi nikijua kwamba katika nyumba za kupanga kuandika huonekana kama kutoaminiana. Zamu ya kufagia choo, kiasi cha kila chumba kununua umeme, utaratibu wa ndoo siku za mgawo wa maji: haya yakibandikwa ukutani, mtu anayekumbusha haonekani mkorofi, kwa sababu karatasi ndiyo inayosema. Mambo mengine hayaandikiki. Kuta za vyumba ni nyembamba, na kila mtu husikia ugomvi wa chumba cha pili. Ukimkuta asubuhi aliyelia usiku, msalimie kama siku zote na umwachie yeye achague kusema au kunyamaza. Lakini ukisikia kipigo, gonga mlango, kwa kuwa pale hakuna mpaka wa kuheshimu.

Nimegundua kwamba mimi ndiye niliyevuka mpaka wa mtu. Nirudi vipi?

Usitume ujumbe wa simu. Nenda mwenyewe, jioni kabla giza halijaingia, watu wakiwa wamemaliza kazi na chakula hakijawekwa. Kama kosa ni kubwa, mtangulize mtu mzima ambaye pande zote zinamkubali, aulize kama unaweza kupokewa. Ukifika, simama nje hata kama mlango uko wazi na hata kama zamani ulikuwa ukiingia bila kuita. Piga hodi. Ukikaribishwa, kaa unapoonyeshwa, na utaje ulichokifanya kwa jina lake bila kuongeza sababu. Usipojibiwa mara ya tatu, rudi nyumbani, kisha uje tena keshokutwa.